Shota Arveladze: Mfungaji wa Tbilisi na Ualimu wa Ughaibuni

Mchezo wa mpira wa miguu uliingia Georgia kwa njia ya bahari. Husimuliwa kwamba mabaharia wa Kiingereza ndio walioucheza kwanza katika bandari ya Poti, pwani ya mashariki ya Bahari Nyeusi, mwanzoni mwa karne ya ishirini; na watu wa Guria, jimbo lililo jirani na bandari hiyo, ambao tangu zama za mababu walikuwa na mchezo wao uitwao lelo, unaochezwa hata leo siku ya Pasaka katika kijiji cha Shukhuti kwa gozi jeusi lililoshindiliwa udongo hata likafikia uzito wa kilo 16, gozi ambalo watu wa pande mbili za kijiji huligombania kwa vifua na mabega mpaka upande mmoja ulifikishe kwao, hawakuhitaji kushawishiwa sana kuupenda mchezo huo mgeni.

Katika nchi hiyo ndogo, iliyobanwa baina ya safu za milima ya Kaukasi na bahari, mshambuliaji amekuwa na heshima ya pekee tangu siku hizo, na ye yote atakaye kuufahamu ustadi wa Shota Arveladze, ambaye ndiye maudhui ya makala haya, hana budi kwanza kuijua nasaba ya kazi yake. Kichwani mwa nasaba hiyo yupo Boris Paichadze, aliyezaliwa Guria mwaka 1915 na kukulia Poti, akajiunga na Dinamo ya Tbilisi mwaka 1936 na kuichezea hadi 1951. Ada ya wakati ule ilikuwa mshambuliaji wa kati asimame mbele ya lango la adui akingoja kuletewa mipira. Lakini Paichadze alikuwa mtu wa kuhamahama, mara kulia, mara kushoto, mara akirudi nyuma, akiwaacha walinzi katika tashwishi ya kumfuata ama kubaki mahali pao, na pengo lililofunguka likaingiwa na wenzake. Dinamo yake ilishika nafasi ya pili katika ligi ya Umoja wa Kisovieti mwaka 1939, na tena 1940, na tena 1951, naye akatundika daruga bila kuuonja ubingwa. Akageuka mwalimu, akaifundisha Dinamo hiyo hiyo, na leo uwanja mkuu wa Tbilisi unaitwa kwa jina lake.

Ubingwa waliupata waliomfuata: kwanza mwaka 1964, katika kisa nitakachokieleza mahali pake, kisha mwaka 1978. Mwaka 1979 Liverpool, mabingwa wa Uingereza, walifungwa 3-0 mjini Tbilisi, na tarehe 13 Mei 1981, katika mji wa Düsseldorf, kikosi kilichokuwa chini ya Nodar Akhalkatsi kikatoka nyuma kwa bao moja na kuishinda Carl Zeiss Jena ya Ujerumani ya Mashariki 2-1, mabao ya Vladimir Gutsaev na Vitaly Daraselia, hili la pili likiingia dakika chache kabla ya kipenga cha mwisho, na Kombe la Washindi la Ulaya likapelekwa Tbilisi. Siku hiyo Shota Arveladze, aliyezaliwa mjini humo tarehe 22 Februari 1973 pamoja na pacha wake Archil, alikuwa na umri wa miaka minane. Kaka yao Revaz alikuwa mkubwa kidogo. Na wote watatu walikuja kuwa wachezaji wa timu ya taifa.

Kizazi chao, hata hivyo, hakikurithi dunia ile. Mwaka 1990, kabla hata nchi haijatangaza uhuru wake, klabu za Georgia zilijitoa katika ligi ya Kisovieti na kuanzisha ligi yao. Ulikuwa uamuzi wa fahari ya taifa, nami siwalaumu walioufanya, maana damu iliyomwagika Tbilisi tarehe 9 Aprili 1989, askari walipowavamia waandamanaji, ilikuwa ingali mbichi katika nyoyo za watu. Lakini kwa upande wa mchezo gharama yake ilikuwa nzito. Dinamo, iliyozoea kukabiliana na Kiev, Moscow na Minsk, ikajikuta ikicheza na timu za miji midogo, ikatwaa ubingwa wa Georgia miaka 10 mfululizo, na ushindi usio na mpinzani haumfunzi kijana lo lote ila kiburi. Kisha ikaja vita ya wenyewe kwa wenyewe iliyounguza katikati ya Tbilisi katika majira ya baridi ya 1991 na 1992, ikafuatia vita ya Abkhazia, na mji ukaishi katika kiza na baridi kwa uhaba wa umeme na nishati. Na kana kwamba masaibu hayo hayatoshi, mwaka 1993 Dinamo ilitolewa katika Kombe la Mabingwa la Ulaya, baada ya kuishinda Linfield ya Ireland ya Kaskazini, kwa shutuma ya kujaribu kuwahonga waamuzi. Shota, ambaye katika ligi ile changa alikuwa akifunga mabao kwa wingi, hakuwa na mahali pa kuendelea kujifunza nyumbani. Ilimbidi asafiri.

Safari ya kwanza haikuwa ndefu. Ukifuata pwani ya Bahari Nyeusi kuelekea kusini kutoka Batumi, unavuka mpaka wa Sarpi, ambao kwa miongo mingi ulikuwa umefungwa kabisa, ukafunguliwa mwaka 1988, na baada ya saa chache za barabara inayokumbatia bahari unafika Trabzon, bandari ya Uturuki yenye mvua nyingi na watu wenye ghera kubwa ya mpira. Klabu yao, Trabzonspor, ndiyo iliyokuwa ya kwanza kuuondoa ubingwa wa Uturuki Istanbul, mwaka 1976, na hadi kufikia 1984 ilikwisha kuutwaa mara sita. Tangu hapo ukaanza ukame. Kwa watu wa aina hiyo, vijana wawili mapacha kutoka upande wa pili wa mpaka, Shota na Archil, walikuwa kama majirani waliochelewa kufika. Mwalimu alikuwa Şenol Güneş, ambaye mwenyewe alikuwa mlinda mlango wa kile kikosi cha ubingwa, na chini yake Trabzonspor ikatwaa Kombe la Uturuki mwaka 1995 kwa kuishinda Galatasaray.

Msimu wa 1995 na 1996 Shota akawa mfungaji bora wa ligi nzima kwa mabao 25. Sifa yake haikuwa mbio wala kishindo, ilikuwa kuhesabu. Mpira ulipotemwa na mlinda mlango, au ulipogonga mguu wa beki na kubadili njia, yeye alikuwa amekwisha kufika, na kwa kuwa alitumia mguu wa kulia na wa kushoto bila taabu, hakupoteza ile nukta moja ambayo wengi huipoteza kwa kuutafuta mguu waupendao. Alitazamia ubingwa, na mji mzima ulitazamia pamoja naye. Mwezi wa Mei 1996, Trabzonspor wakiwa kileleni, Fenerbahçe walikuja kucheza katika uwanja wa Hüseyin Avni Aker. Wenyeji wakatangulia kufunga. Fenerbahçe wakasawazisha, wakafunga la pili, wakaondoka na ushindi wa 2-1 na hatimaye na ubingwa wenyewe. Trabzon ulingoja hadi mwaka 2022 ndipo ukasherehekea tena, na wazee wa mji ule, nionavyo mimi, hawajaacha kuomboleza siku ile. Mfungaji bora wa nchi alikuwa wao, na hakuwafaa katika mechi moja iliyokuwa na uzito kuliko zote.

Nimelisimulia jambo hilo kwa urefu kwa sababu mara mbili tena katika maisha yake Arveladze alifikishwa katika mlango huo huo wa mwisho wa msimu, na namna alivyoingia na kutoka ndiyo iliyomjenga, kwa rai yangu, kuliko mabao yake.

Mwaka 1997 alikwenda Ajax ya Amsterdam, na huko akaanza masomo ya namna nyingine. Trabzon alikuwa amejifunza kufunga kwa ajili ya umati. Amsterdam alijifunza kwamba mshambuliaji ni sehemu ya mpangilio, kwamba pasi anayoitoa akiwa ameyapa mabega yake lango ina thamani sawa na mpira anaoupiga, na kwamba pahala asimamapo bila ya mpira pana maana. Chini ya Morten Olsen, Ajax ilitwaa ligi mwaka 1998 ikiwaacha PSV kwa pointi 17, kisha ikawafunga PSV hao hao 5-0 katika fainali ya Kombe la Uholanzi. Mwaka 1999 ikatwaa Kombe tena. Miaka iliyofuata haikuwa na neema, na sitakawia hapo.

Mwaka 2001 Dick Advocaat alimchukua kwenda Rangers ya Glasgow. Uskoti ni nchi ambayo ubingwa hugombaniwa na klabu mbili tu, Rangers na Celtic, na chuki baina ya pande hizo imebeba mambo ya dini na nasaba ambayo mgeni hana haki ya kuyachezea. Arveladze aliyaepuka, akacheza mpira wake, na akapendwa. Siku ya mwisho ya msimu wa 2003, tarehe 25 Mei, Rangers na Celtic walikuwa sawa kwa pointi, na ilikuwa wazi kwamba hukumu itatolewa kwa tofauti ya mabao. Celtic waliwafunga Kilmarnock 4-0. Rangers, chini ya Alex McLeish, waliwafunga Dunfermline 6-1, mmoja wa wafungaji akiwa Arveladze, na mahesabu yalipofungwa Rangers walikuwa mabingwa kwa bao moja tu la ziada, wote wawili wakiwa na pointi 97. Wiki ile wakaongeza Kombe la Uskoti, na kwa kuwa Kombe la Ligi walikwisha kulitwaa, mwaka huo wakawa na vikombe vyote vitatu. Aliondoka mwaka 2005, mwaka ambao Rangers walitwaa ubingwa tena dakika za mwisho kabisa za siku ya mwisho.

Akarudi Uholanzi, AZ ya Alkmaar, kwa Louis van Gaal. Na hapo mlango ule ukafunguka kwa mara ya tatu. Tarehe 29 Aprili 2007, siku ya kufunga msimu, AZ, PSV na Ajax walikuwa sawa kwa pointi, AZ wakiwa juu kwa tofauti ya mabao. Ilitosha AZ kuwashinda Excelsior, timu ndogo ya Rotterdam, kwa mabao ya kutosha. AZ walibaki na wachezaji 10 mapema, wakafungwa 3-2, na ubingwa ukaenda PSV. Wiki moja baadaye wakapoteza fainali ya Kombe kwa Ajax, kwa mikwaju ya penalti. Van Gaal alitaka kuondoka mwaka uliofuata. Wachezaji wakamsihi abaki. Akabaki, na mwaka 2009 AZ wakawa mabingwa wa Uholanzi, mara yao ya kwanza tangu 1981.

Arveladze hakuwa tena mchezaji wakati huo. Alikwisha kwenda Hispania, kwa Levante, klabu iliyozama katika madeni hata wachezaji wakakaa bila mishahara, ikamaliza msimu wa 2008 mkiani. Huko akatundika daruga, akarudi Alkmaar kuwa msaidizi wa van Gaal. Kwa hiyo ubingwa alioupoteza akiwa uwanjani aliupata akiwa katika benchi, pembeni ya mwalimu anayejulikana ulimwenguni kote kwa ukali wa nidhamu yake na kwa kuuchora mchezo kwenye karatasi hadi hatua ya mwisho. Hakuna chuo bora kuliko hicho kwa mfungaji aliyekuwa akitegemea akili ya kuzaliwa nayo. Mfungaji hutazama lango moja. Mwalimu hana budi kutazama mawili, tena atazame kwa macho ya watu 11, na wafungaji wengi mashuhuri wameshindwa kazi hii kwa sababu walidhani kila mtu anaona walichokuwa wakikiona wao.

Kabla sijaendelea na ualimu wake, haki ya Georgia inanidai neno. Aliichezea timu ya taifa mechi 61 na kuifungia mabao 26, hesabu ambayo hakuna Mgeorgia aliyeifikia katika siku zake. Jioni moja peke yake yatosha kuonyesha kikosi hicho kilikuwaje: tarehe 16 Novemba 1994, mjini Tbilisi, Wales walifungwa 5-0, Temur Ketsbaia mawili, Georgi Kinkladze moja, Gocha Gogrichiani moja, Arveladze moja, nchi isiyokuwa na umeme wa uhakika iliwafunga watu waliokuwa na akina Ian Rush. Na bado kizazi hicho, kilichokuja kuwa pia na Kakhaber Kaladze wa Milan, hakikufika fainali za mashindano yo yote makubwa. Ilikuwa mpaka tarehe 26 Machi 2024, katika uwanja wa Boris Paichadze, ndipo Georgia ilipowatoa Ugiriki kwa penalti na kwenda fainali za Ulaya nchini Ujerumani, ambako iliwafunga Ureno 2-0. Wafungaji wa siku ile, Khvicha Kvaratskhelia na Georges Mikautadze, wanashangiliwa kwa haki. Ila naomba wasomaji wasisahau kwamba njia ya Mgeorgia kwenda Ulaya ilifyekwa na wale waliovuka mpaka wa Sarpi bila kujua kama watarudi.

Ualimu wake mwenyewe aliuanza Uturuki, ambako lugha aliijua na watu walimjua: Kayserispor mwaka 2010, kisha Kasımpaşa ya Istanbul mwaka 2012, timu ya mtaa isiyo na umati mkubwa, ambayo aliifanya iwe ngumu kufungwa na ya kupendeza kutazamwa, ikawa ikimaliza misimu karibu na wakubwa. Mwaka 2015 Trabzonspor wakamwita. Nani angeweza kuukataa wito huo? Lakini mapenzi ya mji hayakumpa subira yake, na baada ya miezi michache tu alikuwa amekwisha kuondoka. Mwaka 2016 akaenda Maccabi ya Tel Aviv, na huko yakamfika ya tarehe 15 Septemba, ambayo kila mwalimu kijana angepaswa kuyasoma: Maccabi walikuwa wakiwaongoza Zenit ya Saint Petersburg 3-0 hadi robo saa ya mwisho, wakafungwa mabao manne, wakashindwa 4-3. Katika kundi lile lile la mashindano ya Ulaya walikuwamo AZ, na AZ ndio waliovuka pamoja na Zenit. Mwezi wa Januari uliofuata kazi ile ikaisha. Ya Hull, bandari ya mashariki ya Uingereza, yaliyotokea miaka ya baadaye, nayataja hapa ili nisiyarudie: Acun Ilıcalı, Mturuki aliyeinunua klabu hiyo, alimkabidhi timu Januari 2022, akaibakisha katika daraja lake, na mwisho wa Septemba ya mwaka huo huo akamwondoa.

Mtu akisoma orodha hiyo kwa haraka atasema huyu ni mwalimu wa kufukuzwa. Mimi nasema aende Tashkent kwanza.

Tashkent ni mji mkuu wa Uzbekistan, na Pakhtakor, klabu iliyopewa jina la wakulima wa pamba, ndiyo klabu yenye historia kuliko zote za Asia ya Kati, tena historia iliyochanganyika na msiba: tarehe 11 Agosti 1979, ndege iliyokuwa ikiwapeleka kucheza Minsk iligongana na ndege nyingine angani juu ya Ukraine, watu 178 wakafa, 17 kati yao wakiwa wa Pakhtakor. Katika mji huo huo, tarehe 18 Novemba 1964, ndipo Dinamo ya Tbilisi ilipopata ubingwa wake wa kwanza. Dinamo na Torpedo ya Moscow walikuwa wamelingana kwa pointi, ikaamuliwa wacheze mechi moja ya mkataa mbali na miji yao yote miwili, na Tashkent ukachaguliwa. Torpedo walifunga kwanza, Dinamo ikasawazisha, na katika muda wa nyongeza Slava Metreveli, Mikheil Meskhi na Ilia Datunashvili wakaugeuza uwanja, hata mechi ikaisha 4-1. Paichadze, aliyemaliza wa pili mara tatu, aliishi kuliona jambo hilo likitimizwa na wengine.

Arveladze alifika Pakhtakor mwaka 2017. Wakati huo Lokomotiv ya mji huo huo ilikuwa ikitwaa ubingwa mwaka baada ya mwaka, 2016, 2017, na 2018 pia akiwa yeye amekwisha kushika kazi. Na hapa ndipo wenye klabu walipofanya lile ambalo Trabzon haikulifanya: walimwachia muda. Akaijenga timu juu ya vijana wa Kiuzbeki, akawafundisha waliyoyaamini Amsterdam na Alkmaar, kwamba mpira hutunzwa, kwamba walinzi huanza mashambulizi, kwamba mshambuliaji huhama ili mwingine aingie. Mwaka 2019 Pakhtakor ikatwaa Ligi Kuu ya Uzbekistan, ikatwaa Kombe la nchi, ikatwaa na Kombe la Ligi. Safari hii hapakuwa na siku ya mwisho ya kutetemeka.

Aliondoka katikati ya mwaka 2020, na nafasi yake ikachukuliwa na Mholanzi, Pieter Huistra, aliyeikuta nyumba imekwisha kusimama. Hukumu yangu ni kwamba mwaka ule wa Tashkent una uzito sawa na mabao 25 ya Trabzon, na kwamba kazi ya mwalimu hupimwa kwa kile kinachobaki baada yake. Pakhtakor ilikuwa bingwa wa Uzbekistan mwaka 2019, ikawa bingwa mwaka 2020, na 2021, na 2022, na 2023.